Ushuhuda usiorudi nyumbani



Mwaka 2018 kikundi cha wakaaji wa Kisangani kilipanda chombo cha mizigo na kushuka mto Kongo hadi Kinshasa, safari ipitayo kilomita 1700. Wengi wao ni walemavu. Wengine wanatembea kwa magongo, wengine kwa miguu ya bandia. Walikwenda kudai haki yao kama wahanga wa Vita vya Siku Sita, vita vilivyopiganwa katikati ya mji wao tangu tarehe 5 hadi tarehe 10 Juni 2000, baina ya jeshi la Rwanda na jeshi la Uganda, majeshi mawili ya kigeni yaliyogombania mji usio wao. Mamia ya raia walikufa, na maelfu walijeruhiwa. Dieudo Hamadi, mtengenezaji filamu aliyezaliwa Kisangani, alisafiri pamoja nao akiwa na kamera yake. Filamu iliyotokana na safari hiyo inaitwa En route pour le milliard, maana yake «Njiani kuelekea bilioni». Mwaka 2020 ilichaguliwa katika orodha rasmi ya tamasha la Cannes, kule Ufaransa.

Tulipopata habari hiyo tulifurahi, na tulikuwa na haki ya kufurahi. Lakini furaha hiyo haituzuii kuuliza swali moja: je, wakaaji wa Kisangani wangapi wameiona filamu hii? Wangapi wameiona Bukavu, Goma, Bunia, Kindu, Lubumbashi, miji ambayo nayo ina wahanga wake na hesabu zake zisizolipwa? Nchi yetu ni mojawapo ya nchi za Afrika zinazopigwa picha sana. Wanaoziona picha hizo, kwa sehemu kubwa, ni watu wengine. Nasi tunaamini kwamba ushuhuda unaotolewa na watu wa mahali fulani, usiporudi mahali pale ukasikika, umefanya nusu tu ya kazi yake.

Kabla ya kulaumu yeyote, yafaa tuelewe jinsi filamu za hali halisi zinavyotengenezwa. Filamu ya namna hii haijengi jumba la mchezo wala haiajiri waigizaji, hata hivyo gharama yake ni kubwa. Mtengenezaji hufuata watu kwa miezi au miaka, hukusanya saa nyingi za picha, kisha hukaa na fundi wa kuunganisha picha ili saa hizo zibaki moja na nusu. Fedha za kazi hiyo hazipatikani kwetu. Filamu ya Hamadi tuliyoitaja ilitengenezwa kwa ushirikiano wa wazalishaji wa Kongo, Ufaransa na Ubelgiji, na njia hiyo ndiyo ya kawaida: mifuko ya sinema ya Ulaya, vituo vya televisheni vya Ulaya, matamasha ya Ulaya na Amerika. Filamu ikikamilika hupita katika matamasha, halafu huuzwa kwa televisheni, halafu huwekwa katika intaneti kwa wenye kulipa kwa kadi ya benki. Katika mnyororo huo mrefu hakuna pete hata moja inayoitwa Kisangani. Si kwamba mtu fulani amekusudia ubaya. Ni kwamba anayelipa huwafikiria watazamaji wake, na watazamaji wake si sisi.

Jambo hili lina matokeo. Mtazamaji wa mbali huhitaji kuelezwa yale ambayo kila mtoto wa kwetu anayajua, naye haelezwi yale ambayo sisi tungeyauliza kwanza. Mtu wa Paris atauliza: vita hivi vilitokea wapi? Mtu wa Kisangani atauliza: orodha ya wahanga iliandikwa na nani, na kwa nini jirani yangu hayumo? Filamu moja haiwezi kujibu kila swali, lakini swali lisiloulizwa na mtazamaji yeyote halitajibiwa kamwe.

Kwa upande wetu, mahali pa kutazamia pamepungua sana. Wazee wetu wanakumbuka majumba ya sinema ya Kinshasa, ya Lubumbashi, ya Bukavu. Mengi yamekuwa nyumba za maombi, mengine maghala ya biashara. Televisheni nyingi hujaza saa zao kwa muziki, mahubiri, michezo ya kuigiza na hotuba za wenye kulipa. Hatusemi kwamba hakuna chochote. Kule Goma, Yole!Africa, kituo kilichoanzishwa na Petna Ndaliko Katondolo, kimefundisha vijana kushika kamera na kimefanya tamasha la filamu katika mji unaojulikana ng'ambo kwa vita tu. Hiyo ni kazi ya kuheshimiwa. Lakini kituo kimoja katika mji mmoja hakiwezi kubeba nchi nzima.

Wako watakaotujibu: «Watu wetu hawataki kuona taabu yao. Wanaishi nayo mchana kutwa. Jioni wanataka kucheka.» Neno hili si la kudharau. Mtu aliyechoka ana haki ya kicheko, na hakuna anayepaswa kulazimishwa kuyatazama tena majeraha yake. Lakini anayesema hivyo huenda hajaziona filamu zenyewe. Katika Examen d'État, filamu ya Hamadi ya mwaka 2014, tunawaona wanafunzi wa Kisangani waliofukuzwa darasani kwa sababu wazazi hawakuweza kulipa fedha za kuwatunza walimu. Wanajikusanya katika nyumba moja ili wajitayarishe wenyewe kwa mtihani wa serikali. Wanasoma usiku, wanatafuta majibu kwa njia zisizo halali, wanakwenda kwa wahubiri wabarikiwe. Familia gani ya Kongo haiyajui haya? Wazazi wangecheka, kisha wangenyamaza, kisha wangeanza kubishana juu ya shule ya watoto wao. Na katika safari ya kwenda Kinshasa, wale wahanga wanaimba, wanagombana, wanataniana, wanaigiza jukwaani mambo yaliyowapata. Hawaombi kuhurumiwa, wanadai. Watu wetu hawajakataa filamu hizi. Hawajaalikwa kuzitazama.

Wengine watatujibu kwa uchungu zaidi: «Tumechoshwa na kamera.» Hapo tunakubali kabisa. Wako wanawake wa mashariki ya nchi yetu waliosimulia msiba wao mbele ya mgeni wa kwanza, wa pili, wa tatu, hata masimulizi yakawa kama kazi isiyo na mshahara. Kila mgeni aliahidi kwamba ulimwengu utasikia. Labda ulimwengu ulisikia, msimuliaji hakuambiwa. Mtu anayetoa ushuhuda hatoi zawadi ya kuchukuliwa na kwenda nayo. Anakopesha sehemu ya maisha yake, na deni la namna hiyo hulipwa kwanza kwa kumrudishia yaliyofanywa na maneno yake, ayaone, ayahukumu, aseme: «Hapa umenielewa, hapa hukunielewa.» Filamu inayoogopa hukumu hiyo ina mashaka ndani yake.

Tena kuna sababu ya uraia. Mwaka 2015 serikali ya nchi yetu ilikataza kuonyeshwa kwa filamu ya Thierry Michel na Colette Braeckman juu ya Daktari Denis Mukwege wa hospitali ya Panzi, L'Homme qui répare les femmes. Katazo hilo liliondolewa muda mfupi baadaye, baada ya malalamiko mengi ya ndani na ya nje. Tunajifunza nini? Kwamba wenye mamlaka wanajua nguvu ya filamu ikionwa na watu wa nyumbani. Hawakuwa na uwezo wa kuizuia ng'ambo. Walitaka kuizuia hapa. Nchi isiyo na watazamaji waliozoea kukutana, kutazama na kujadiliana ni nchi ambamo filamu inaweza kukatazwa bila mtu kugundua kwamba amenyang'anywa kitu.

Sisi Wakatoliki tuna sehemu yetu katika historia hii. Wakati wa ukoloni wamisionari walitengeneza filamu katika nchi hii, nao walizungusha mashine za kuonyeshea picha katika misheni, kambi za wafanyakazi na vijiji. Kitambaa cheupe kilitandikwa, jenereta iliunguruma, na umati ulikaa chini usiku. Filamu hizo nyingi zilisema nasi kama watoto: zilituonyesha mtu mpumbavu ili tucheke, na mtu mtiifu ili tumwige. Namna hiyo ya kusema na watu haifai kurudishwa. Lakini kitambaa kile, uwanja ule, na desturi ile ya kutazama pamoja, ni vitu vizuri tulivyoviacha vipotee bila sababu.

Kanisa lenyewe limekwisha kutambua thamani ya kazi hii. Tangu mwaka 1963, kwa hati ya Inter Mirifica, Mtaguso wa pili wa Vatikano ulizihesabu filamu kati ya vyombo vinavyopaswa kutumika kwa manufaa ya watu. Mwaka 2017, katika tamasha la Berlin, baraza la waamuzi Wakatoliki na Waprotestanti walitoa tuzo yao kwa Maman Colonelle, filamu nyingine ya Hamadi. Inamfuata afisa wa polisi, Kanali Honorine Munyole, anayehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani kulinda wanawake na watoto. Basi Wakristo waliokusanyika Berlin walimtambua na kumheshimu mama huyu wa kwetu. Je, parokia ngapi za Bukavu na za Kisangani zimeketi kumtazama?

Kwa hiyo tunapendekeza mambo machache yanayowezekana.

Kwanza, parokia nyingi zina ukumbi, na siku nyingi za juma ukumbi huo hauna kazi. Mashine ndogo ya kuonyeshea picha, kitambaa cheupe, vipaza sauti viwili na jenereta vinatosha kwa watu mia mbili. Jimbo moja linaweza kununua vifaa hivyo mara moja, vikazunguka toka parokia hadi parokia. Filamu ipatikane kwa idhini ya mwenye nayo, si kwa kunakiliwa kwa siri. Mafundi wetu nao wana watoto wa kulisha. Mlangoni mtu atoe franga kidogo, kadiri ya uwezo wake, na asiye nazo aingie.

Pili, lugha. Maandishi ya Kifaransa chini ya picha huwafungia nje mama na baba wengi. Iwapo hakuna toleo la Kiswahili, asimame mtu mwenye sauti nzuri, aliyeiona filamu mapema, awafasirie watu. Na baada ya picha taa ziwashwe, watu waseme. Mazungumzo hayo ya nusu saa si nyongeza. Ndiyo sababu ya kukutana.

Tatu, ulinzi. Kuna filamu zinazoonyesha nyuso za watu wanaoishi jirani na waliowatendea mabaya. Filamu ya namna hiyo isionyeshwe mahali pale kabla ya kuwauliza waliomo. Wakikataa, neno lao litoshe. Watoto wasiingizwe katika masimulizi ya jeuri kwa sababu tu ukumbi una nafasi.

Nne, tunawaomba watengenezaji filamu na wazalishaji wao, wa kwetu na wa ng'ambo: katika mapatano mnayotia sahihi, wekeni tangu mwanzo haki ya kuonyesha filamu bure au kwa bei ndogo katika nchi ilikotengenezwa, na fungu la fedha kwa ajili ya sauti ya Kiswahili au ya Lingala. Gharama hiyo ni ndogo ikilinganishwa na gharama za tamasha moja. Na televisheni ya taifa, inayoishi kwa mali ya umma, ingeweza kuziwekea filamu hizi usiku mmoja wa juma.

Yote haya yanaweza kuonekana madogo mbele ya mateso ya nchi. Lakini turudi kwa wale wasafiri wa Kisangani. Walipofika Kinshasa, milango ya wakubwa ilibaki imefungwa mbele yao. Baadaye, tarehe 9 Februari 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki huko La Haye iliamuru Uganda iilipe nchi yetu dola milioni 325 kwa uharibifu uliofanywa wakati wa vita. Katika hizo, milioni 225 ni kwa madhara yaliyowapata watu. Zilipangwa kulipwa kwa mafungu ya milioni 65 kila mwaka, na fungu la kwanza lilitolewa mwaka huo huo wa 2022. Kuna hazina ya serikali iliyoundwa kwa ajili ya kuwagawia wahanga.

Sasa ni nani atakayeangalia kama fedha hizo zinamfikia mama aliyekatwa mguu akiwa na umri wa shule? Mahakama haiwezi kumfuata hadi mlangoni pake. Watazamaji wa Cannes hawawezi. Wanaoweza ni majirani zake, wakiijua habari yake kwa ukamilifu, wakiwa wameiona pamoja na kuizungumza pamoja, hata asiweze mtu kusimama mbele yao na kusema kwamba mambo hayo hayakutokea au kwamba yamekwisha. Mali bila daftari huisha bila habari, walisema wazee. Filamu hizi ni daftari letu. Linasomwa mbali; ni wakati wa kulisoma nyumbani.