Amana ya mchuma chai

Sisi watu wa pwani chai twaijua sana. Asubuhi hatukai na mahamri yetu pasipo chai, na mnada wake uko papa hapa Mombasa tangu mwaka 1969. Lakini ni wangapi kati yetu hujiuliza, yule anayelichuma jani huko Kericho na Bomet akizeeka hula nini?

Jibu lake liko katika Hazina ya Taifa ya Malipo ya Uzeeni, yaani NSSF, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1965. Kila mwezi mfanyakazi hukatwa fungu katika mshahara wake, naye tajiri huongeza fungu lililo sawa na hilo. Fedha hizi si sadaka wala hisani. Ni amana, na amana hurudishwa kwa mwenyewe.

Wahenga walisema akiba haiozi. Mimi nasema akiba ya mchuma chai huoza, tena kwa njia mbili.

Ya kwanza ni uchache wake. Kwa miaka mingi mchango haukuruhusiwa kuzidi shilingi 80 kwa mwezi, ukapandishwa hadi 200 mwaka 2001. Piga hesabu, ndugu msomaji. Shilingi 80 za mfanyakazi na 80 za tajiri, kwa miaka 20, ni shilingi 38,400 kabla ya faida. Bei za sokoni hazikumngoja. Tangu Februari 2023 mchango ni asilimia 6 kwa kila upande, jambo ambalo ni jema, lakini kwa mzee aliyekwisha kustaafu halisaidii kitu.

Ya pili ni kucheleweshwa, na hapa pana jambo la mila. Mkipsigis huitwa jina moja utotoni, na akitoka jandoni huitwa arap fulani, kwa jina la babake. Basi kadi ya hazina huenda ikawa na jina moja na kitambulisho kikawa na jingine. Nasi tusishangae, maana hata kwetu yuko Ali bin Juma ambaye karani alimwandika Juma Ali. Mzee huambiwa alete kiapo, alete barua ya chifu, arudi wiki ijayo. Ajabu ni kuwa mashamba nayo hubadili majina. Brooke Bond ilinunuliwa na Unilever mwaka 1984, na mwaka 2022 Unilever nayo ikauza biashara yake ya chai. Kampuni ikibadili jina hapana anayeitilia shaka mali yake, lakini mchumaji akibadili lake hutakiwa athibitishe kuwa yeye ni yeye.

Na kungoja huku si sawa na kungoja kwa mtu aliye kwake. Wengi wa wachumaji hukaa katika nyumba za kampuni. Siku kazi inapokwisha, nyumba nayo imekwisha. Aliyetoka Kisii au Nyanza yampasa kurudi kwao, na kila safari ya kufuatilia haki yake yataka nauli. Zaidi ya hayo, Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 haimpi malipo ya utumishi aliye mwanachama wa NSSF, kwa kuwa hazina ndiyo badala yake. Ikikawia badala hiyo, ashike wapi?

Dini yetu yatufunza kuwa mtu wa kazi alipwe jasho lake lingali bichi. Huyu jasho lilikauka zamani, na mgongo umekwisha kuinama kwa kikapu.

Dawa haihitaji mabilioni. Majina na yasahihishwe mtu angali kazini, si siku anapoaga. Kila mwaka apewe hesabu yake kwa maandishi, ajue kama tajiri amepeleka fungu lake. Nao makarani wa hazina wawafuate wazee mashambani kabla hawajatawanyika. Akifa mwenyewe kabla ya kulipwa, haki huwa deni kwa warithi, na mjane asiye na nauli huenda akaiacha ipotee.

Mwenye amana haombi. Anadai chake.