Kumbukumbu ya Miaka Minne

Sanduku lilikuwa la bati, kijani, na mzee alikuwa ameliinamia akiwa na brashi ile ile anayoandikia majina ya mashua. Aliandika jina la mwanawe, lake, la babake, kisha chini kabisa jina la kisiwa chao: NDAU. Kando yake mama mtu alikuwa akifunga ng'onda kwa magazeti, tabaka tatu, harufu isije ikaingia kwenye nguo. Kijana wao amepata nafasi ya kusomea ualimu Chuo Kikuu cha Nairobi, na barua inamtaka aripoti kampasi ya Kikuyu. Mzee aliinua kichwa akaniuliza, "Hapo Kikuyu ni wapi, mwanangu? Ni mahali pa salama?"

Nilimwambia ni mwendo wa kilomita 20 hivi kutoka Nairobi, kuna baridi, amnunulie kijana sweta. Swali la pili nililipita kimya, kwa sababu mimi nikisikia kampasi ya Kikuyu namkumbuka Solomon Muruli.

Muruli alikuwa kiongozi wa wanafunzi wa chuo hicho hicho. Novemba 1996 alitekwa, akateswa kwa siku kadhaa, kisha akaachiliwa. Wengi waliopitishwa hapo waliamua kunyamaza, na hakuna wa kuwalaumu. Yeye alisema. Alipeleka malalamiko, akaenda kwenye gwaride la utambulisho, akamwonyesha kwa kidole afisa wa polisi aliyemtuhumu. Siku chache baadaye, alfajiri ya tarehe 23 Februari 1997, moto ulilipuka chumbani mwake Kikuyu, akafia humo. Wenzake hawakukubali kwamba ni ajali. Waliingia barabarani, wakakabiliana na polisi, chuo kikafungwa. Tangu siku hiyo hadi leo hakuna mtu aliyetiwa hatiani kwa kifo chake.

Miezi miwili tu kabla ya hapo, Desemba 1996, polisi walikuwa wamewapiga risasi wanafunzi watatu: Festus Okong'o Etaba na Eric Kamundi wa Egerton, na Kenneth Makokha Mutabi wa Chuo Kikuu cha Kenyatta. Hao wawili wa mwisho waliuawa wakati wanafunzi walipotoka kulalamikia kuuawa kwa yule wa kwanza. Nchi ilikuwa inauingia mwaka wa uchaguzi, madai ya katiba mpya yamepamba moto, na vyuo vilikuwa miongoni mwa mahali pachache ambapo serikali ya wakati ule ilipingwa kwa sauti.

Nayaandika haya kwa sababu kila wanapouawa wanafunzi mjadala unaozuka ni ule ule: tuwakumbuke vipi? Bweni lipewe jina lake? Ijengwe sanamu? Iwekwe siku maalumu? Wapo wanaosema tusiwakumbuke hadharani hata kidogo, tusije tukachochea vurugu. Nimeyasikiliza maoni hayo kwa miaka, na naona yote yanaliruka jambo moja lililo wazi kwa yeyote aliyewahi kuishi bwenini.

Chuo kinasahau kwa sababu watu wake hawakai. Mwanafunzi anaingia, anakaa miaka minne, anaondoka. Waliomwona Muruli akizungumza, waliokimbilia chumba kile wakakikuta kinawaka, walikuwa wameshaondoka wote Kikuyu kufikia 2001. Waliobaki ni wapishi, walinzi, wahadhiri na wakubwa wa ofisi, na wengi wao wanakula mshahara wa taasisi ambayo haitaki kusikia habari hiyo. Anayetaka kifo kisahauliwe hahitaji kufuta chochote. Ni kungoja tu mahafali manne.

Njia pekee ya wanafunzi kurithishana kumbukumbu ilikuwa chama chao. Ndicho kilichokuwa kikimwambia mgeni wa mwaka wa kwanza kwamba tarehe 10 Februari 1985 polisi walivamia ibada ya wanafunzi kwenye uwanja wa chuo, mwanafunzi mmoja akafa na wengi wakaumia. Kwamba Titus Adungosi, mwenyekiti wa kwanza wa chama hicho, SONU, alifungwa miaka 10 baada ya jaribio la mapinduzi la Agosti 1982 na akafia gerezani mwaka 1988. Kwamba Mwandawiro Mghanga, mwana wa Taita, alifungwa kwa ajili ya uongozi wake wa wanafunzi. Na chama ndicho kilichovunjwa mara kwa mara. Kilipigwa marufuku 1982, kikapigwa marufuku tena 1987. Kisha Sheria ya Vyuo Vikuu ikarekebishwa mwaka 2016, wanafunzi wakaondolewa haki ya kuwachagua viongozi wao moja kwa moja, wakawekewa wajumbe wa kuwachagulia. Mwaka 2018 jina la SONU likafa, likaja UNSA. Walioitunga sheria ile walisema wanataka kuondoa fujo, rushwa na wahuni wa kukodiwa katika chaguzi za vyuo. Fujo hizo zilikuwepo, sitazikana. Nimeona vijana wakipigana mapanga kwa ajili ya kiti cha katibu. Lakini chama kilipoondoka kiliondoka pamoja na orodha ya wafu wake, na hakuna ofisi iliyoagizwa kuipokea orodha hiyo.

Huku Ndau mambo ni kinyume cha chuoni. Kisiwa hiki hakina sanamu hata moja. Ukitaka mfano wa kumbukumbu, muulize mtu mzima yeyote hapa kuhusu Rubu, Mvundeni, Ashuwei, Matironi. Ni vijiji vya Wabajuni vilivyokuwa huko bara, vikahamwa wakati wa vita vya Shifta miaka ya 60, watu wakakimbilia visiwani. Wengi hawajarudi mpaka leo. Lakini mtoto aliyezaliwa Ndau atakwambia visima vyao vilikuwa wapi na shamba la nani lilipakana na la nani, ingawa yeye mwenyewe hajawahi kukanyaga huko. Mtu akifa maji, mwadhini hutangaza, khitma husomwa, arubaini hukusanya watu, na kila kaskazi ikirudi kuna anayesema, huu ndio upepo uliomchukua fulani. Kumbukumbu hapa haitegemei bajeti ya mtu. Inategemea kwamba waliokuwepo wapo bado, na wanakutana kila siku mahali pale pale.

Basi mwanafunzi akiuawa chuoni, kwao ndiko anakokumbukwa kweli, na chuoni ndiko aliko muuaji wake au angalau ushahidi wake. Vitu hivi viwili vimetenganishwa na mamia ya kilomita. Mama anayekumbuka hana faili, na ofisi yenye faili haikumbuki.

Tazama Februari 2018, mwezi ambao nchi mbili jirani zilipoteza wanafunzi wao ndani ya wiki chache. Tarehe 16, Dar es Salaam, Akwilina Akwilini wa Chuo cha Taifa cha Usafirishaji alikuwa ndani ya daladala Kinondoni, njiani kupeleka barua ya kuomba nafasi ya mafunzo kwa vitendo. Hakuwa kwenye maandamano. Polisi walikuwa wakiwatawanya wafuasi wa chama cha upinzani cha CHADEMA siku moja kabla ya uchaguzi mdogo, risasi ikampata, akazikwa kwao Rombo. Tarehe 27, huku kwetu, Evans Njoroge, katibu mkuu wa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia cha Meru, alipigwa risasi akikimbia polisi mashambani baada ya maandamano ya kupinga, pamoja na mengine, kupandishwa kwa karo. Wenzake walimwita Kidero.

Yaliyofuata baada ya kifo cha Akwilina yananiuma mpaka sasa. Rais Magufuli aliagiza uchunguzi. Askari kadhaa walihojiwa, kisha faili likafungwa kwa maelezo kwamba aliyefyatua risasi hakuweza kutambuliwa. Waliofikishwa mahakamani ni viongozi wa upinzani, Freeman Mbowe na wenzake, na katika mashtaka yao kifo cha binti yule kilitajwa kuwa ni matokeo ya mkusanyiko wao. Walitiwa hatiani Machi 2020, wakatozwa faini ya mamilioni, na Mahakama Kuu ikaja kuifuta hukumu hiyo mwaka 2021. Jina la Akwilina lilitajwa mahakamani mara nyingi, na mara zote hizo halikutajwa kwa ajili yake. Kwa hiyo mtu akiniambia kinachotakiwa ni jina lisemwe tu, namuuliza: lisemwe na nani, na kwa kesi ya nani?

Nawaelewa wanaoogopa. Naibu Chansela mmoja aliwahi kuniambia kwamba siku ya kumbukumbu ni siku ya mawe, na kwamba yeye ndiye atakayewajibika kioo kikivunjwa na mtoto wa mtu mwingine akifa. Si hoja ya kupuuza. Mwenye duka karibu na chuo aliyepoteza bidhaa zake katika ghasia hakumuua mwanafunzi yeyote, na mwendesha gari aliyepasuliwa kichwa kwa jiwe ana mama pia. Lakini tazama mawe hurushwa lini hasa. Hurushwa siku ambayo wanafunzi wamezuiwa kukutana. Enzi za miaka ya 70 na mwanzo wa 80, wanafunzi wa Nairobi walipotaka kumkumbuka mwanasiasa aliyeuawa, J. M. Kariuki, kila tarehe 2 Machi, serikali iliwatumia polisi badala ya kuwafungulia ukumbi, na siku ya kuomboleza ikawa siku ya mapambano. Ibada ya 1985 ilikuwa sala. Waliofika na marungu hawakuwa waumini.

Kuna pia hoja ya familia, na hii ndiyo inayonipa taabu zaidi. Wapo wazazi wasiotaka jina la mtoto wao lipigiwe kelele kila mwaka na wanasiasa ambao hawakumjua. Wana haki hiyo. Kwa sababu hiyo sidai sanamu. Sanamu inaweza kusimamishwa na serikali ile ile iliyofunga faili, na nchi yetu ni hodari wa hilo: Mpigania uhuru Dedan Kimathi alipata sanamu yake 2007, lakini familia yake imeendelea kutafuta kaburi lake.

Ninachodai ni kazi ya karani. Kila chuo kiwe na daftari la wazi, lililo chini ya baraza la chuo na si chini ya chama cha wanafunzi, lenye jina la kila mwanafunzi aliyeuawa humo au kwa sababu ya uanafunzi wake: tarehe, mahali, uchunguzi ulifanywa na nani, ulifika wapi, nani ana faili. Daftari hilo lisomwe mbele ya kila kundi la mwaka wa kwanza katika wiki ya kuwapokea wageni, wakati uongozi unapowasomea sheria za mabweni. Baba wa Ndau anayemtoa mtoto anastahili kulisoma kabla ya kulipa karo.

Na faili zifunguliwe. Mwaka 1997 polisi walijichunguza wenyewe. IPOA, mamlaka huru ya kuwasimamia polisi, ilikuja kwa sheria ya 2011, na sheria ya kuunda ofisi ya wachunguzi wa vifo ilipitishwa 2017 lakini kwa miaka mingi ikabaki karatasini. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyohusu dhuluma za kuanzia Desemba 1963 hadi Februari 2008, ilikabidhiwa kwa rais Mei 2013, kisha ikalala. Sheria zipo, ripoti ipo. Mtu aliyekuwa afisa kijana mwaka 1997 leo anakaribia kustaafu au tayari anachukua pensheni, na mashahidi waliokuwa na miaka 20 bado hawajafika 60. Ukingoja mahafali mengine manne, na hao watapungua.

Mzee alimaliza kuandika akaliacha sanduku juani likauke. Boti ingeondoka alfajiri, kabla maji hayajatoka kwenye mkondo wa Mkanda. Aliniuliza tena kuhusu Kikuyu, na safari hii nilikaa chini nikamweleza habari ya Muruli tangu mwanzo, huku kijana mwenyewe akisikiliza mlangoni. Tarehe 23 Februari 2027 itatimia miaka 30. Kijana huyu, karo ikipatikana, atakuwa Kikuyu siku hiyo, na ningependa jina lile alisikie likisomwa na Naibu Chansela mwenyewe, kwenye kipaza sauti cha chuo.