Kibofu kipya hakibishi hodi

Wengi wetu tunalea huku na huku: watoto wetu, na wazee waliotuzaa. Leo tuzungumzie mzee aliyeondolewa kibofu cha mkojo, mara nyingi kwa sababu ya saratani, akatengenezewa kingine kwa kipande cha utumbo wake mwembamba.

Kwanza, kibofu hicho hakimpi taarifa ya kujaa kama cha awali. Asipobanwa, mzee hudhani yuko salama. Kumbe mkojo ukijaa kupita kiasi huweza kusukuma kurudi juu hadi kwenye figo, nazo zikaharibika kimyakimya. Kwa hiyo aende chooni kwa kufuata saa: kwa kawaida kila baada ya saa 3 hadi 4, hata usiku, au kama daktari wake alivyopanga. Mtegesheeni kengele kwenye simu.

Pili, kazi ya utumbo ni kufyonza. Hata ukigeuzwa kibofu, bado hufyonza baadhi ya vitu vya mkojo, na asidi inaweza kuzidi mwilini. Mkiona uchovu usioisha, kukosa hamu ya kula au kupumua haraka, mwambieni daktari.

Ute kwenye mkojo ni kawaida. Lakini homa, maumivu ya kiuno au mkojo kukwama ni safari ya hospitali siku hiyohiyo.

Na kliniki asikose, hata akijisikia mzima. Kipimo cha damu cha kreatinini na altrasaundi huonyesha figo zinazochoka kabla mwenyewe hajahisi lolote.