Joto la bahari halizuiliki Pwani, lakini juya lazuilika

JOTO la bahari lilipoyaua matumbawe ya Pwani ya Kenya mnamo 1998, hata hifadhi za taifa zilizolindwa kwa miaka mingi hazikusalimika. Katika sehemu nyingi, zaidi ya nusu ya matumbawe hai yaliangamia.

Maji yanapopata joto kupita kiasi, matumbawe huvitoa vimelea vya mwani vinavyoishi ndani yake na kuyapa chakula na rangi. Hapo hupauka, na joto lisipopungua mapema, hufa.

Hali hiyo ilijirudia 2016, na mnamo Aprili 2024 wanasayansi walitangaza wimbi la nne la matumbawe kupauka duniani kote. Swali la wavuvi ni lile lile: kuna faida gani kuwazuia kuvua ikiwa maji yenyewe ndiyo yanayoua?

Jibu mojawapo linatokana na utafiti wa Tim McClanahan, mtaalamu wa biolojia ya bahari kutoka Marekani. Chini ya shirika la Wildlife Conservation Society, amechunguza miamba ya Kenya tangu miaka ya themanini.

Mbinu yake ni kulinganisha. Hifadhi za Malindi na Watamu, zilizoanzishwa 1968, pamoja na Kisite na Mombasa, hupimwa sambamba na maeneo yanayovuliwa, mwaka baada ya mwaka. Aidha, samaki wanaoletwa ufuoni hupimwa na mapato ya wavuvi kuandikwa.

Ulinganisho huo ulifichua siri ya samaki aitwaye kikande. Kikande hula wale viumbe wa miiba wanaojificha kwenye mawe na kuwachoma wavuvi miguuni. Anapovuliwa hadi kumalizika, viumbe hao huongezeka, hukwangua mwamba na kumaliza mwani ambao tafi na pono wangekula.

Kwa hivyo, mwamba unaweza kubomoka hata maji yasipopata joto. Hifadhi haiwezi kuyapoza maji, lakini huwabakisha samaki wanaoufanya mwamba uwe na uhai wa kujijenga upya.

Adui mwingine ni juya, wavu unaokokotwa sakafuni mwa bahari na kuzoa samaki wachanga huku ukivunja matumbawe. Serikali ililipiga marufuku mnamo 2001, lakini katika baadhi ya fuo liliendelea kutumika.

Sababu haihitaji darubini. Juya huwaajiri vijana wengi kwa pamoja, wasio na dau wala mtaji wa kununua vifaa vyao. Kumnyang'anya kijana kama huyo kamba ya juya bila kumpa njia nyingine ni kumnyima chakula cha jioni.

Hata hivyo, takwimu za McClanahan zilizochapishwa 2010 zilionyesha kwamba mapato ya kila mvuvi yalikuwa bora palipokuwa na eneo lililofungwa au vifaa haribifu vilivyoondolewa. Samaki wakubwa huwa na bei nzuri, na wengine huvuka mpaka wa hifadhi na kuingia mitegoni.

Utafiti mwingine ulihusu malema. Lema lenye mwanya mwembamba pembeni huwaachilia samaki wachanga na vitatange wasio na soko, bila kumpunguzia mvuvi faida. Kifaa ni kile kile alichorithi kwa babu, ila kimerekebishwa.

Huko Kuruwitu, Kaunti ya Kilifi, wanakijiji hawakusubiri kuamrishwa. Mwaka wa 2005 walikubaliana kufunga sehemu ya bahari yao na kuifanya tengefu, mfano ulioigwa na vijiji vingine vya Pwani.

Tofauti kati ya tengefu na amri ya serikali ni kwamba anayefunga bahari ndiye atakayevuna kando yake. Wahenga walisema mkono mtupu haulambwi. Mvuvi hawezi kuutunza mwamba kwa ajili ya watalii peke yao.

Kanuni za 2007 za vikundi vya usimamizi wa fuo ziliwapa wavuvi nafasi kisheria ya kusimamia maeneo yao. Kinachohitajika ni serikali kuvipa vikundi hivyo boti, mafuta na askari wa kuwasaidia mwenye juya anapokaidi, pamoja na mikopo ya vifaa halali kwa vijana wanaoacha kazi ya kukokota.

Muda hautoshi kubahatisha. Uchunguzi ulioongozwa na Mkenya David Obura, na kuchapishwa 2021, ulionya kuwa miamba ya Magharibi mwa Bahari ya Hindi imo hatarini kuporomoka katika kipindi cha miaka 50, joto na uvuvi wa kupindukia vikiwa miongoni mwa sababu kuu.

Kati ya mawili hayo, joto litaamuliwa zaidi na mataifa yenye viwanda vikubwa. Uvuvi utaamuliwa Pwani, na gharama yake haifai kubebwa na mvuvi maskini peke yake.