Penye Udhia Penyeza Rupia

Ewe msomaji, wako watu wakiona mahasimu wawili wanaimba bega kwa bega katika televisheni, hulengwalengwa na machozi wakasema: "Tazama, muziki umewapatanisha!" Mimi nasema hiyo ni biashara, wala suluhu haimo. Na ili usidhani nasema kwa chuki, nitakupa ushahidi.

Mwaka 1957 Frank Sinatra, mwimbaji mkubwa wa Marekani, aliukashifu hadharani muziki wa roki uliokuwa ukipendwa na vijana. Hakutosheka kusema kuwa haumpendezi; aliufanya uchafu, na waimbaji wake akawafanya majuha. Kinara wa muziki huo alikuwa Elvis Presley, kijana wa miaka 22. Waandishi walipomuuliza, alijibu kwa adabu kwamba anamheshimu Sinatra, lakini maneno yale hakupasa kuyasema.

Sasa tazama yaliyofuata. Mwezi Machi 1960 Elvis alitoka jeshini baada ya miaka miwili, na Wamarekani walikuwa na hamu ya kumwona. Sinatra naye alikuwa na maonyesho ya televisheni yaliyogharimiwa na kampuni ya saa za Timex. Na onyesho lake la kila wiki la miaka 1957 na 1958 lilikuwa limekufa kwa uchache wa watazamaji. Basi tarehe 26 Machi, katika hoteli ya Fontainebleau, Miami Beach, aliyekashifu akamkaribisha aliyekashifiwa. Wakabadilishana nyimbo: huyu akaimba wa yule, na yule wa huyu. Elvis alilipwa dola 125,000 kwa dakika chache tu za onyesho la saa moja. Lilipoonyeshwa tarehe 12 Mei, watazamaji walijaa. Khalafu kila mmoja akashika njia yake.

Jee, hiyo ni suluhu? Suluhu twaijua. Aliyekosa humwendea aliyemkosea akamwambia: "Niwie radhi." Na aliyetukana barazani hutaka radhi papo barazani. Wala hapaji mwenye duka akawalipa wapeane mikono mbele ya bidhaa zake.

Utaniambia: "Sheikh, kwani mtu hana haki ya kugeuza rai yake?" Anayo, tena ni jambo jema. Lakini anayegeuza rai husema wapi alikosea. Akinyamaza, na mgeuko wake ukaja pamoja na faida, basi kilichogeuka ni bei. Na ukisema, "Bora wapatane kwa fedha kuliko kuteta," nitakuuliza: fedha ikesha, kitabaki nini baina yao?

Usidhani haya ni ya Miami peke yake. Picha hizo na mfano wake leo zimo katika simu za watoto wetu, na wanajifunza kwamba heshima ya mtu huvunjwa leo, kesho ikalipwa kwa tabasamu mbele ya kamera. Hebu tazama majumbani mwetu. Ndugu wawili wamekatana kwa maneno mwaka mzima; siku ya harusi wanakaa pamoja, wanapigwa picha, wanacheka. Kesho yake hawaamkiani. Huko ni kupakana mafuta kwa mgongo wa chupa.

Ikiwa una nduguyo uliyemvunjia heshima, usingoje harusi wala mpiga picha. Mwendee leo, ubishe hodi, umwambie ulilomkosea kwa jina lake. Hapana atakayekupigia makofi, na ndiyo maana itakuwa suluhu.