Kitabu cha Kemia ni Suala la Haki

Kila mwaka wa masomo unapokaribia, sisi wahadhiri huulizana swali linaloonekana dogo: wanafunzi wa uhandisi wa mwaka wa kwanza wasome kitabu gani cha kemia? Kwa kawaida tunachagua kile tulichosomea wenyewe. Bei yake haibebeki kwa mkopo wa mwanafunzi. Matokeo yake ni kurasa zilizorudufiwa, nusu hazisomeki.

Nashauri tubadili kigezo. Mhandisi atakayejenga Tanga au Mombasa anahitaji kujua jinsi kloridi ya bahari inavyopenya zege na kuvunja utando unaolinda nondo, na jinsi kutu, ambayo huchukua nafasi kubwa kuliko chuma kilichoizaa, inavyopasua nguzo. Atakayechimba kisima kando ya Mlima Meru lazima aijue floridi, ambayo Shirika la Afya Duniani linapendekeza isizidi miligramu 1.5 kwa lita. Ikizidi sana, huharibu meno na mifupa ya watoto.

Misingi ya kemia hiyo imo katika kitabu cha OpenStax, mradi wa Chuo Kikuu cha Rice, Marekani, kilichotolewa bure mwaka 2015. Wapo watakaosema cha bure hakina hadhi. Hadhi ya kitabu ni kusomwa. Kinachokosekana humo ni mifano ya mazingira yetu, na kuiandika ni wajibu wetu.

Mhadhiri anayemwagiza mwanafunzi kitabu asichoweza kukinunua amemfungia mlango kabla ya somo kuanza.