Kisasi na Utiifu katika Filamu Bubu za Japani

Aghalabu hudhaniwa kwamba filamu za awali za samurai zilisifu utiifu na kisasi pasi na kuvihoji. Dhana hiyo ni finyu. Filamu hizo ziliibua swali zito: je, utiifu kwa bwana una thamani gani iwapo haki haipo?

Kisa mashuhuri zaidi ni kile cha samurai 47. Mwaka wa 1701, Asano Naganori alimjeruhi Kira Yoshinaka ndani ya kasri la Edo, akaamriwa ajiue. Watumishi wake, wakiongozwa na Oishi Kuranosuke, walisubiri hadi 1703, wakamuua Kira na kukipeleka kichwa chake kaburini kwa bwana wao. Serikali nayo ikawaamuru wajiue. Makino Shozo alikigeuza kisa hiki kuwa filamu akimtumia mwigizaji Onoe Matsunosuke, kisha akakirejelea mwaka wa 1928. Ni kweli kwamba hapa utiifu unatukuzwa. Hata hivyo, mashujaa hao hao ni wahalifu mbele ya sheria.

Ikumbukwe pia kuwa ububu ulikuwa wa picha tu. Ukumbini alikuwapo benshi, fanani aliyesimulia kisa na kuwapa wahusika sauti. Kwa hivyo, hadhira haikupokea upanga mtupu, bali upanga uliofasiriwa kwa neno.

Filamu ya Orochi (1925), iliyoelekezwa na Futagawa Buntaro, inakwenda mbali zaidi. Mhusika mkuu, Heisaburo, anayeigizwa na Bando Tsumasaburo, ni samurai wa tabaka la chini. Anagombana na kijana wa tabaka la juu, naye peke yake ndiye anayeadhibiwa. Kila anapotenda kwa nia njema huitwa mwovu. Baadaye anapata hifadhi kwa mtu anayesifika kwa wema, kumbe ni dhalimu. Heisaburo anamuua mfadhili huyo ili kumwokoa mwanamke aliyempenda zamani. Anapambana na umati wa askari, anakamatwa, na watu wanamzomea.

Mnyonge hana haki, wasemavyo Waswahili. Hapana shaka Oishi na wenzake wanatia uchungu, lakini wana kaburi la kuliinamia na jina la kukumbukwa. Heisaburo hana bwana wala sifa. Ana dhamiri yake tu. Ndiyo maana upanga wake unauma zaidi: unalipiza kisasi dhidi ya jamii inayopima wema kwa cheo.